POLE HAITOSHI
Mtoto mgonjwa si msalaba wa mama peke yake



Mmezoea kuona Tume ya Haki na Amani ikinyosha kidole kwa mambo yaliyo nje ya uzio wa kanisa. Tumesema juu ya rushwa, juu ya migogoro ya ardhi, juu ya wakimbizi. Safari hii kidole kinatugeukia sisi wenyewe. Tunaandika juu ya wazazi wanaowalea watoto wenye maradhi ya kudumu au ulemavu, na juu ya uchovu unaowamaliza wazazi hao huku sisi tukitazama na kusema "pole". Tutasema bila kuuma maneno, maana jambo lenyewe limenyamaziwa muda mrefu mno.

1. DAFTARI LA MAHUDHURIO

Katika Jumuiya mojawapo tuliomba kuona daftari la mahudhurio. Tulikuta jina la mama mmoja. Mbele ya jina lake, juma kumi na moja mfululizo, pameandikwa "hayupo". Juma la kumi na mbili mtu alichukua kalamu nyekundu akaandika neno moja: "mtoro".

Mama huyu anakaa mtaa uleule ambamo Jumuiya husali. Mwanawe wa miaka saba ana selimundu, ugonjwa ambao wengi wetu tunauita sikoseli. Katika majuma yale alikuwa ama wodini ama ukingoni mwa kitanda cha mtoto, akimkanda mikono na miguu, akimnywesha maji kijiko kwa kijiko, akihesabu saa hadi kupambazuke. Alipokuja kuomba barua ili mtoto wake mdogo abatizwe, aliambiwa kwanza amalize michango anayodaiwa, kisha aeleze utoro wake. Hakueleza kitu. Aliinamisha kichwa akarudi nyumbani.

Aliyeandika neno lile jekundu si adui wa Kanisa. Ni mmoja wetu, mtu mwema, mcha Mungu, mwenye bidii ya kutunza kumbukumbu. Ndiyo maana tunaogopa. Kwa juma kumi na moja watu wema walikutana hatua chache kutoka mlango wa mama huyu, wakasoma Neno, wakaombea wagonjwa wa dunia nzima, wakatawanyika. Hakuna aliyebisha hodi. Sasa tunauliza: katika habari hii, mtoro ni nani?

2. SIKU YA MAMA WA MWAMBAO

Wapo watakaosema tunatia chumvi. Basi tuitazame siku ya mama wa kwetu.

Wavuvi wa dagaa huvua usiku wa giza kwa mwanga wa taa. Alfajiri vyombo hurudi Kibirizi, Katonga na Ujiji. Mwanamke anayetaka kununua ndoo ya dagaa sharti awe ufukweni kabla jua halijachomoza. Akishanunua, awaanike, awageuze, awalinde na ndege na mvua. Dagaa hawasubiri. Mtoto aliyeamka akilia kwa maumivu ya mifupa naye hasubiri. Mama huyo mwenye mikono miwili tu achague lipi? Akienda ufukweni, ataambiwa amemtelekeza mgonjwa. Akibaki nyumbani, jioni hakuna unga, wala nauli ya kliniki ya Jumatatu.

Kuanzia tarehe 15 Mei hadi tarehe 15 Agosti 2024 uvuvi ulisimamishwa katika ziwa letu ili samaki wazaliane. Hatuupingi uamuzi huo. Ziwa lisipopumzishwa, wajukuu wetu watakula mchanga. Lakini katika miezi ile mitatu, ni Jumuiya ngapi ziliketi na kuhesabu ni nyumba zipi zenye dozi ya dawa isiyoweza kungoja mwezi wa Agosti?

Tumtazame na mwingine, mwenye mtoto wa mtindio wa ubongo. Mtoto huyu hawezi kukaa wala kutafuna. Kumlisha uji ni kazi ya saa nzima, kidogo kidogo, kichwa kimeinuliwa asipaliwe. Na kazi hiyo hurudiwa mara tatu au nne kwa siku. Anazidi kuwa mzito mwaka hadi mwaka, na mgongo wa mama unazidi kudhoofika. Tumtazame na yule mwenye mtoto wa kifafa. Kwa watu wengine, moto wa jikoni na maji ya ziwa ni riziki. Kwake ni hatari mbili zisizomruhusu kufumba jicho.

Mbali na mji hali ni ngumu zaidi. Mzazi wa Sigunga au wa Kalya, kusini mwa mwambao, anayetaka kumfikisha mtoto katika Hospitali ya Rufaa ya Mkoa ya Maweni, hutegemea ziwa na upepo wake. Kwa miongo mingi meli ya Liemba, iliyoanza kuelea katika maji haya mwaka 1915, ilibeba wagonjwa pamoja na mizigo. Miaka ile iliposimama kwa matengenezo, wagonjwa waliachiwa boti za mbao, zilizojaa kupita kiasi, usiku kucha katika baridi. Na baridi ni mojawapo ya mambo yanayomwamshia maumivu mtoto mwenye selimundu. Safari ya kutafuta nafuu yenyewe humwongezea ugonjwa.

Haya ndiyo tunayoyaita uchovu wa mzazi. Si uvivu, wala si udhaifu wa imani. Ni mwili na roho ya mtu mmoja vilivyotwishwa kazi ya watu wanne, mchana na usiku, bila Dominika na bila sikukuu.

3. "NANI ALIYETENDA DHAMBI?"

Mtoto akizaliwa na kasoro, au akianza kuugua mara kwa mara, mtaani huanza mnong'ono. Mama alikula nini? Alilala na nani? Kwao kuna laana gani? Nani amemroga? Swali hili ni la kale. Wanafunzi wa Yesu walimwuliza swali la namna hiyohiyo walipomkuta kipofu tangu kuzaliwa, wakitaka kujua kama mwenye dhambi ni yeye au wazazi wake. Bwana aliwakatalia yote mawili. Ni karne ishirini sasa tangu jibu hilo litolewe, na sisi bado tunauliza swali lilelile, tena kwa sauti ya chini ili mama asisikie, ingawa anasikia.

Tuseme ukweli kama waganga na wauguzi wanavyoufundisha.

Selimundu ni ugonjwa wa kurithi. Chembe nyekundu za damu, ambazo kwa kawaida ni za mviringo, hujikunja mfano wa mundu, zikakwama katika mishipa midogo. Ndipo maumivu, upungufu wa damu na hatari nyingine hutokea. Mtoto haupati ugonjwa huu mpaka arithi kasoro hiyo kwa wazazi wote wawili, na aghalabu wao wenyewe ni wazima wasiojijua. Wazazi wote wawili wakiwa na kasoro hiyo kwa upande mmoja, kila mimba ina uwezekano wa mara moja katika nne kuleta mtoto mgonjwa. Inakadiriwa kwamba nchini Tanzania watoto wapatao 11,000 huzaliwa kila mwaka wakiwa na selimundu. Je, wachawi wana kazi kubwa kiasi hicho?

Mtindio wa ubongo hutokana na ubongo kuumia kabla ya kuzaliwa, wakati wa kuzaliwa au muda mfupi baadaye: mtoto akikosa hewa katika uchungu mrefu, akipata manjano kali isiyotibiwa, au akishikwa na homa ya uti wa mgongo au malaria iliyopanda kichwani. Kifafa ni ugonjwa wa ubongo. Hakiambukizi kwa mate, wala kwa mkojo, wala kwa kumshika mgonjwa aliyeanguka. Yule anayekimbia mtoto akianguka, kwa hofu ya povu la kinywa chake, anamwacha ajiumize bure.

Na liko jambo jingine ambalo tungependa kila mwamini alishike. Kasoro ileile ya selimundu, ikirithiwa kwa mzazi mmoja tu, haimwuguzi mtu; humpa kinga kwa kiasi kikubwa dhidi ya malaria kali. Ndiyo sababu imeenea katika nchi za malaria kama hii yetu ya mwambao. Maana yake ni nini? Maana yake wengi wetu tupo hapa leo kwa sababu bibi au babu fulani, alipokuwa mtoto, alishikwa na malaria akapona kwa kinga hiyo. Waliokingwa ni wengi, na wanaolipa gharama ni hawa wachache waliorithi pande zote mbili. Basi mtoto huyu anayelia usiku si mkosaji anayelipa dhambi ya mama yake. Analipa deni ambalo ukoo mzima umelifaidi. Nasi tunathubutu kumwita laana!

4. BABA YUKO WAPI?

Mara nyingi tunapowatembelea wazazi wa watoto wagonjwa, tunamkuta mama, au bibi. Baba alikwenda Uvinza, au Mpanda, au Dar es Salaam; au yupo Kigoma hapahapa na ameoa mwingine "atakayemzalia wazima". Ndugu zake wanamtetea: "Kwetu hakuna ugonjwa huo; huyo ni mtoto wa mama yake."

Akina baba, tunasema nanyi kwa heshima, lakini tunasema. Kwa selimundu maneno hayo ni uongo hata kwa kipimo cha damu. Pasipo urithi wa baba, mtoto asingekuwa na ugonjwa huo. Anayemkimbia mke wake kwa sababu hiyo anaweza kwenda na kurithisha jambo lilelile kwingine, na kuacha mama wa pili analia badala ya mmoja. Na kwa ugonjwa wowote ule, uwe wa kurithi au usiwe, Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 imewapa wazazi wajibu wa kumtunza mtoto, na imekataza kumbagua kwa sababu ya ulemavu. Wala ahadi ya ndoa haikusema "katika raha" peke yake.

Tunawapongeza akina baba waliobaki. Wapo. Tumemwona mvuvi anayetoka ziwani asubuhi, badala ya kulala, akambeba binti yake mgongoni kumpeleka kwenye mazoezi ya viungo. Wenzake walimcheka kwamba anafanya kazi ya kike. Wanaume wa namna hiyo ndio wanaostahili kuketi mbele katika mikutano yetu.

5. MSALABA HAUKUBEBWA NA MMOJA

Sasa tunafika kwenye donda lenyewe. Maneno tunayompa mama huyu, sisi Wakristo, ni haya: "Vumilia, huo ndio msalaba wako." "Mungu hampi mtu mzigo asioweza kuubeba." "Sali sana." Mengine ni mabaya zaidi: "Ungekuwa na imani, mtoto angekwisha kupona."

Hatudharau uvumilivu wala sala. Lakini tunaona hatari ya neno takatifu linapotumiwa kama mlango wa kutokea. Ukisema "huo ndio msalaba wako", unatamka kwamba si wangu. Tazameni Njia ya Msalaba tunayoisali kila Kwaresima. Katika kituo cha tano Bwana mwenyewe, aliyekuwa na nguvu zote, anasaidiwa na Simoni wa Kirene. Simoni hakusimama kando ya njia akimwambia "pole, vumilia". Alitia bega lake chini ya mti. Na yule aliyepooza kule Kafarnaumu, watu wanne walimbeba. Walipokuta mlango umejaa, walipanda darini wakaitoboa paa. Ni imani yao hao wabebaji ambayo Bwana aliitazama. Hakumwambia mama wa mgonjwa apande darini peke yake.

Mwaka 1994 Maaskofu wa Afrika, katika Sinodi yao kule Roma, walichagua kulitazama Kanisa kama Familia ya Mungu. Tumeliimba neno hilo, tumelichapa kwenye vitenge. Je, ni familia gani ambamo mtoto mmoja anaugua na ndugu wote wanamwandikia mama yake kalamu nyekundu?

Mama mmoja alitwambia, kwa machozi, kwamba usiku mmoja alimwomba Mungu amchukue mtoto wake. Tangu siku hiyo anajiona muuaji. Sisi hatumwoni muuaji. Tunamwona mtu ambaye kwa miaka sita hajalala usiku mzima hata mmoja. Ombi lile lilitoka katika uchovu, na uchovu ule una washiriki wengi. Tulio wengi wa mtaa wake tumo.

Mwingine tulimkuta amemfunga mwanawe mwenye kifafa kwa kanga mguuni mwa kitanda, akaenda ufukweni kutafuta dagaa. Twalikwenda na maneno ya kumkemea, na kweli kumfunga mtoto ni hatari na ni dhuluma. Lakini aliuliza swali moja: "Ningemwachia nani?" Tulitazamana. Hakuna kati yetu aliyeweza kusema, "Mimi." Tangu hapo tumeamua kwamba kemeo lisiloambatana na mikono si haki, ni mzigo wa pili.

Tusiwacheke pia wale wanaozunguka kutafuta miujiza. Mwaka 2011 maelfu ya watu, na kati yao wazazi wengi wenye watoto wagonjwa, walifunga safari kwenda Samunge, Loliondo, kunywa kikombe kwa shilingi 500. Wengine waliacha dawa za hospitali, na hilo lilikuwa kosa lenye gharama. Lakini foleni ile ndefu ilituambia jambo: watu wale walikuwa wamechoka, na hakuna mahali pengine walipoona mtu akiwangoja.

6. BIMA NI ZAMU YA TAIFA

Wapo watakaosema, "Hii ni kazi ya Serikali." Ni kweli, sehemu yake ni ya Serikali, na hapo nako tuseme.

Mwaka 1993 nchi yetu ilianza utaratibu wa kuchangia gharama katika hospitali za Serikali. Watoto wa chini ya miaka mitano walisamehewa, na ni jambo jema. Lakini selimundu haihesabu miaka. Mtoto akitimiza mitano, ugonjwa hauagi. Baadaye ilikuja Toto Afya Kadi ya Mfuko wa Taifa wa Bima ya Afya, kwa shilingi 50,400 kwa mwaka kwa mtoto mmoja, na wazazi wengi wa watoto wagonjwa walipumua. Mwezi Machi 2023 utaratibu huo wa kumwandikisha mtoto mmoja mmoja ulisitishwa. Sababu iliyotolewa ni kwamba walioandikishwa wengi walikuwa tayari wagonjwa, na Mfuko ulielemewa. Tangu hapo utaratibu umebadilishwa tena.

Tunaelewa hesabu hiyo. Mfuko wenye wagonjwa watupu hauwezi kusimama, kama vile mtumbwi wenye abiria watupu usio na mpiga kasia. Lakini kosa si la mzazi aliyemwandikisha mtoto mgonjwa. Kosa ni letu, wenye watoto wazima, tuliosema, "Wa kwangu haumwi, kwa nini nilipe?" Bima ni zamu ya taifa zima: leo nabeba mtoto wako, kesho utambeba wangu. Sheria ya Bima ya Afya kwa Wote ya mwaka 2023 imekusudiwa kuliweka jambo hilo sawa. Tunadai itekelezwe kwa namna itakayomfikia mama wa Sigunga, si mtumishi mwenye mshahara peke yake. Na tunawadai waamini wenye uwezo wajiandikishe, hata kama nyumbani kwao hakuna anayekohoa.

Mwaka uohuo wa 2023 Hospitali ya Benjamin Mkapa, Dodoma, ilianza kuwapandikiza uloto watoto wenye selimundu. Tunalishukuru jambo hilo kubwa. Lakini wakati tiba kubwa inafanyika Dodoma, mtoto wa mwambao bado anahitaji mambo madogo: kutambuliwa mapema, chandarua, vidonge vya kila siku, maji ya kutosha, na kufikishwa hospitali upesi homa inapopanda. Hayo madogo ndiyo yanayomfikisha hai kwenye hayo makubwa.

Tena, Sheria ya Watu wenye Ulemavu ya mwaka 2010 iliagiza kuwepo kamati za kushughulikia watu hao hadi ngazi ya kijiji na mtaa. Ni wangapi kati yetu tumesimama katika mkutano wa mtaa tukauliza: kamati yetu ina nani, na imekutana lini?

Wala tusisahau somo lililo ndani ya mkoa wetu. Katika miaka ya mauaji ya watu wenye ualbino, watoto walikusanywa katika shule ya Kabanga, wilayani Kasulu, wapate usalama nyuma ya ukuta. Maisha yaliokolewa, na waliowatunza wanastahili shukrani. Lakini mtoto alitenganishwa na mama yake kwa sababu majirani hawakuaminika. Ukuta hujengwa pale ambapo ujirani umeanguka.

7. TUNALOLIPENDEKEZA

Hatutaki kijarida hiki kiishie kwenye kuguswa moyo. Tunaziomba Jumuiya zote ziyachukue haya, na Halmashauri ya Walei iyafuatilie.

Kwanza, daftari. Neno "mtoro" lifutwe. Mtu akikosa mara mbili, mbele ya jina lake liandikwe jina la mwenzake aliyekwenda kumwona. Nafasi hiyo ikibaki wazi, lawama ni ya Jumuiya. Na mtoto asinyimwe sakramenti kwa sababu mama yake alikuwa wodini.

Pili, zamu. Kila Jumuiya ihesabu nyumba zake zenye mtoto mgonjwa au mlemavu, kisha ipange watu wanne kwa kila nyumba. Mmoja alfajiri moja kwa juma, mama aende ufukweni au sokoni. Mmoja alasiri moja, mama alale. Mmoja usiku mmoja wodini mtoto akilazwa. Mmoja wa kumsindikiza kliniki. Wanaokwenda zamu wafundishwe kwanza, na mama mwenyewe au muuguzi, namna ya kumlisha mtoto, namna ya kumlaza ubavu akianguka kifafa, na dalili za kumkimbiza hospitali. Wasiende kuhubiri, wasiende kuchunguza chanzo, wasiende na dawa za mfukoni. Waende na mikono.

Tatu, nauli. Sehemu ya sadaka ya Jumuiya itengwe kwa safari za kliniki. Mara nyingi mtoto hukosa tiba kwa sababu ya pesa ya boti, hata pale ambapo dawa yenyewe ipo.

Nne, kanisani. Mtoto anayepiga kelele wakati wa Misa asitolewe nje kama mhalifu. Mwenye kuona kelele hizo zinamkatizia sala na ampokee mtoto mikononi, mama asali kwa dakika tano.

Tano, majirani wote. Ujiji na Kigoma hatuishi Wakristo peke yetu. Majirani zetu Waislamu wana watoto walewale, maumivu yaleyale, na mara nyingi wametutangulia katika kusaidiana. Zamu isiulize dini ya mtoto. Pale ambapo mama Mwislamu amekwisha anza kumsaidia jirani yake Mkristo, na tumfuate tukajifunze kwake.

Wengine watatujibu, "Kila nyumba ina shida zake." Kweli. Lakini shida nyingi zina mwisho: mvua hunyesha, deni hulipwa, msiba huisha na matanga huanuliwa. Kwenye msiba tunajua la kufanya. Tunapika, tunalala, tunachanga, hatungoji kuitwa. Mama mwenye mtoto mgonjwa tunamngoja afiwe ndipo tujae uani kwake na masufuria. Tunachoomba ni hiki tu: yale tunayoyafanya vizuri mtoto akifa, tuyafanye mtoto angali hai.

MASWALI YA KUJADILI KATIKA JUMUIYA

1. Katika mtaa wetu, ni nyumba zipi zenye mtoto mgonjwa wa kudumu au mlemavu? Tuzitaje moja moja. Mara ya mwisho nani alikwenda, na alikwenda kufanya nini?

2. Ni maneno gani tumezoea kuwaambia wazazi hao? Yapi yanawatua mzigo, na yapi yanawaongezea?

3. Akina baba wa Jumuiya hii wako tayari kushika zamu zipi? Watajwe kwa majina kabla ya kufunga kwa sala.

4. Ni nani atakayeuliza habari za kamati ya watu wenye ulemavu katika mkutano ujao wa kijiji au mtaa?

Ni sisi wenzenu katika utume,
Wajumbe wa Tume ya Haki na Amani,
Kigoma.